Kunakili Diski Kwenye Mbalamwezi

Ile kompyuta sikuitupa. Naanza na hilo kwa sababu bado nakutana na watu sokoni Ujiji wanaoniuliza mpya nimeinunua wapi, na nikiwaambia ni ileile ya kijivu, iliyokuwa ikinguruma pale dirishani tangu mume wangu yu hai, wananitazama kana kwamba nawaficha jambo. Siwafichi. Ni ileile. Kilichobadilika ni diski iliyomo ndani, na aliyeibadilisha ni mimi, kwa bisibisi ya cherehani.

Kazi yangu ni kudarizi. Nina mashine inayochora kwa uzi: nembo za sweta za shule, shingo za kanzu, mito ya maharusi. Mashine yenyewe haina akili, akili iko kwenye kompyuta. Kila nembo niliyowahi kuitengeneza, za shule za hapa mjini mpaka za Mwandiga, Kidahwe na Ilagala, imo mle, ndani ya programu ambayo aliyetuuzia mashine alikuja kuiweka mwenyewe. Duka lake lilifungwa zamani na simu yake haipatikani. Hakuna sidii, hakuna karatasi, hakuna wa kumuuliza. Programu ile ikifa, ninabaki na meza nzito ya chuma yenye sindano.

Mume wangu alipofariki, ndugu zake walikaa kikao. Nyumba ni ya baba yao, nami sikatai. Mashine tuliinunua mimi na yeye, nao hawakukataa. Wakaamua hivi: chumba cha mbele kitakuwa changu maadamu mashine inafanya kazi. Siku itakaposimama, chumba kinakwenda kwa mdogo wake, shemeji yangu, aliyekuwa akikitaka kwa biashara ya simu. Mkubwa wao akaongeza kwamba jina la marehemu liko kwenye kila shingo ya mtoto wa shule hapa Ujiji, na kwamba kazi ile ni yake hata kama anayeifanya ni mimi. Alikuwa anaisema lebo, kile kitambaa kidogo ninachokidarizi na kukishona ndani ya ukosi wa kila nguo inayotoka kwangu. Waliyasema yote kwa upole, wakasoma fatiha, wakanywa chai. Mimi nilikuwa edani, nyuma ya pazia, nikisikia kila neno kwa hasira.

Nikamaliza eda, nikafungua chumba, nikafuta vumbi, nikabonyeza kitufe. Kompyuta ikawaka, ikakawia kuliko kawaida yake, kisha tumboni mwake pakaanza kugonga. Tik, tik, tik, kama mgeni anayebisha hodi na hana uhakika kama nyumba ndiyo yenyewe. Nikaanza nembo ya shule moja ya Kidahwe, ile yenye jembe na kitabu. Kitabu kikatoka vizuri. Katikati ya mpini wa jembe picha ikaganda kwenye kioo, sindano ikasimama ndani ya kitambaa, na sikuweza kuitoa ila kwa kuzima umeme.

Nikapanda mjini kwa fundi wa kompyuta. Akauliza inagongaje, nikamgongea kwa kidole juu ya meza yake.

"Mama, diski hiyo inakata roho," akasema. "Itupe. Nunua kompyuta nyingine."

"Na programu yangu?"

"Hiyo ndiyo imekwenda. Faili unaweza kunakili, lakini programu haitakubali kuhama. Labda ukloni diski nzima, kila kilichomo kiende kwenye diski mpya kama kilivyo. Lakini kwa inavyogonga, na umeme wetu huu, utapoteza muda wako."

Nikamwomba hiyo programu ya kukloni. Akaniwekea kwenye flashi, akanionyesha jinsi ya kuiwasha, na nadhani alifanya hivyo kwa kunihurumia. Huruma yake niliichukua. Ushauri wake wa kutupa nikamwachia palepale mezani.

Niliporudi nilimkuta shemeji chumbani na fundi seremala. Seremala alikuwa amenyoosha futi yake ukutani, juu kidogo ya rafu ya nyuzi zangu.

"Tunapima tu, shemeji," akasema. "Shule zikikaribia kufunguliwa kila kitu kitakuwa kimejulikana."

"Pimeni," nikamjibu. "Mkimaliza mpite hapa na mimi niwapime suruali."

Seremala akacheka, shemeji hakucheka. Si mtu mbaya, shemeji yangu. Ndiye aliyeingia kaburini kumpokea kaka yake. Lakini alikuwa ameshaniona nimeondoka, na mimi nilikuwa nimesimama mbele yake.

Nikanunua diski mpya. Ya zamani iliandikwa ukubwa wake juu, nami nikachukua yenye maandishi yaleyale. Programu ikaikataa. Ikasema mpya ni ndogo. Nikaibeba kurudi dukani, muuzaji akanisomea maandishi kwa kidole kama ananifundisha kusoma: "Zinalingana, mama, tazama." Nikamwambia mimi nashona, na najua sweta mbili zinaweza kuandikwa saizi moja na moja isipite kichwani. Tukabishana mpaka watu wakasimama mlangoni. Mwishowe akanibadilishia kubwa zaidi, kwa kutaka tu niondoke.

Hiyo kubwa nayo ikaniletea vituko vyake. Niliiunga kwa waya mdogo unaochomekwa mbele ya kompyuta. Ikaonekana kwenye kioo, ikapotea, ikaonekana, ikapotea. Nikawaza diski mbovu, nikawaza muuzaji amenikomoa. Kumbe waya ule haukuwa unaipa umeme wa kutosha. Nilikuja kuelewa hilo baada ya kutazama video nyingi kwenye simu, nyingi kwa lugha nisiyoielewa, nikifuata mikono ya watu badala ya maneno yao. Mikono ilifungua kompyuta ubavuni na kuichomeka diski ya pili mlemle ndani, karibu na ya kwanza. Nami nikafungua.

Ndani nilikuta nyuzi. Nyekundu, kijani, bluu, njano, nyuzi za nembo zote tulizowahi kuzitengeneza, zimevutwa na feni na kujisokota kuwa tonge zima. Nikalichomoa, nikasafisha kwa brashi ya cherehani. Marehemu mwenzangu alikuwa na tabia ya kukata nyuzi kwa meno na kuzipuliza. Nilikaa na lile tonge mkononi kwa muda, nikamkumbuka sana, kisha nikaendelea na kazi.

Kuna jambo moja katika kazi hii linalotisha kuliko yote, nalo ni kuchagua ipi inatoa na ipi inapokea. Programu inakuonyesha diski mbili kwa majina ya ajabuajabu, na ukikosea unaumwaga utupu wa diski mpya juu ya kila kitu ulicho nacho. Ukubwa ulitofautiana, naam, lakini muuzaji alikuwa ameshanifundisha nisiamini maandishi. Nikazima, nikachomoa ile mpya, nikawasha, nikatazama ni jina gani limebaki. Hilo ndilo la mzee, ile diski ya zamani. Nikaizungushia diski yenyewe chaki ya kukatia nguo, ile mpya nikaiacha bila alama, nikazima na kuirudisha. Ndipo nikathubutu kubonyeza.

Umeme ukakatika. Siyo kukatika kwa heshima, kwa saa nzima. Uliyumba tu, taa ikapepesa, kompyuta ikazimika na kujiwasha tena kama haijui imefanya nini. Kazi yote ikaanza upya. Siku ya pili ikafika zaidi ya nusu, umeme ukayumba tena, nami nikatukana neno ambalo bibi yangu wa Kasulu angenichapa kwa kulitamka. Kila nikianza upya, kugonga kulizidi. Diski ile haikuwa na majaribio mengi iliyobakiza. Nikaizima, nikaifunika kwa kanga, nikatoka kwenda kwa jirani.

Jirani yangu huyu ni mama mtu mzima mwenye mitumbwi ya dagaa. Zamani vijana wake walivua kwa karabai, sasa wana taa za betri. Usiku betri ziko ziwani, mchana ziko juani kwake zinachajiwa kwa sola, zimepangwa uani kama masufuria ya shughuli.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Umekuja na sura ya kunidai."

"Nimekuja kuomba betri na ile inveta yako."

"Betri! Weye nawe unakwenda kuvua?"

"Nakwenda kuvua nembo za shule."

Nikamweleza. Akanisikiliza huku anageuza dagaa kwenye wavu, kisha akatikisa kichwa. "Sasa hivi giza, mwanangu. Betri zikilala kwako, mie nalala njaa na vijana wananikimbia. Ngoja mbalamwezi. Mwezi ukishakuwa mkubwa dagaa hawasogei kwenye taa, vijana wanalala, mitumbwi inalala, betri zinalala. Hapo zichukue zote, ukazivulie unachotaka."

Kwa hiyo nikawa nangoja mwezi. Shule zinakaribia, wazazi wananiuliza nembo, shemeji anapita na kusalimia kwa sauti ya mtu anayehesabu siku, na mimi natoka uani jioni kutazama mwezi umenenepa kiasi gani. Mtu akiniuliza natazama nini, namwambia natazama mali yangu. Sikuwahi katika maisha yangu kuungoja mwezi hivyo, hata wa Idi.

Mbalamwezi ikafika, vijana wakaniletea betri na inveta kwa toroli. Asubuhi, mwanga tele, nikaziunga mwenyewe kwenye inveta, kile kisanduku kinachogeuza umeme wa betri uwe kama wa ukutani. Nyekundu kwa nyekundu, nyeusi kwa nyeusi, kama mikono ya kwenye video. Pakalia pa! Harufu ya plastiki ikajaa chumbani. Nikakimbia kwa jirani mkono uko kifuani.

Akaja, akainama, akashika waya, akaanza kucheka mpaka kanga ikamvuka begani. "Nani kakutuma ufuate rangi? Usiku ziwani weye utaona rangi? Fuata fundo!"

Nikatazama. Kweli, kila betri ilikuwa na waya mmoja uliopigwa fundo karibu na mwisho. Wavuvi wake hufunga taa gizani, mikono imelowa, kwa kupapasa. Wenye fundo ndio chanya, na rangi ni yoyote iliyopatikana siku waya ulipokatika. Kwenye betri yangu ya kwanza nyekundu ndiyo iliyokuwa hasi.

"Mbona hukuniambia?" nikamfokea, na adabu zote nikazisahau.

"Hukuuliza. Ulikuja na mambo yako ya kwenye simu." Akacheka tena. Iliyoungua ilikuwa fyuzi tu, namshukuru Mungu, na fyuzi zinapatikana. Nikafuata fundo. Inveta ikaimba, taa yake ikawa kijani, na umeme wa mtaani ukawa haunihusu tena.

Kompyuta ikaanza kunakili. Nilivuta kiti mbele ya kioo kama wanaotazama mpira. Ule mstari ukasogea, ukasogea, kisha ukasimama. Ikaniuliza: hapa pameshindikana kusomeka, nijaribu tena au niruke? Nikaiambia ijaribu. Ikagonga kwa nguvu hata meza ikasikika, ikarudi na swali lilelile. Nikaijaribisha tena. Mgongo wa diski ukawa wa moto kama kitako cha sufuria. Nikaelewa kwamba nikiing'ang'ania sehemu ile ndogo nitapoteza diski nzima, na kwamba sitajua kilichokuwamo mpaka nimalize. Inawezekana ilikuwa nembo. Inawezekana ilikuwa programu yenyewe. Nikamwomba Mungu, nikaiambia iruke. Mbele yake ikakwama tena, nikairusha tena. Hata adhana ya alasiri ilipolia, mstari ulikuwa umefika mwisho.

Nikazima, nikawasha kutoka diski mpya. Kioo cheusi. Maandishi meupe machache yakaniambia hakuna mfumo wa kuwashia.

Nilikaa sakafuni. Nikalia, na sioni haya kulisema, ila kilikuwa kilio cha hasira zaidi ya huzuni. Nilimkasirikia seremala na futi yake, nikamkasirikia marehemu kwa kufa, nikaikasirikia ile kompyuta ambayo nilikuwa nimeibembeleza kuliko mtoto. Kisha nikanyanyuka, kwa sababu betri za watu zilikuwa zinaisha chaji.

Diski mbili zilikuwa bado zimo ndani, moja nakala ya mwenzake, na kompyuta ilikuwa haijui imsikilize nani. Nikaitoa ya zamani kabisa, na mpya nikaichomeka kwenye waya uleule wa ile ya zamani. Bado cheusi. Nikafungua ukurasa wa mipangilio, kama nilivyoona kwenye video, nikatazama saa ya kompyuta, nikakuta imerudi miaka mingi nyuma: kale kabetri kadogo ka ndani kalikuwa kameisha, na kompyuta imesahau mipango yake yote. Ilikuwa inaitafuta flashi kwanza. Flashi ilikuwa bado imechomekwa, mimi niliyekuwa najiona mwangalifu sikuikumbuka. Nikaichomoa na kuwasha.

Ikawaka. Haikugonga. Nilitega sikio ubavuni mwake kuhakikisha, na nikasikia feni peke yake. Programu ikafunguka, na picha za nembo zikajipanga moja baada ya nyingine mpaka zikajaa kioo.

Kesho yake nilimwita shemeji mwenyewe. Akaja na seremala, na seremala alikuja na mbao mbili begani. Nikawapa viti. Nikaweka kitambaa, nikafungua ile nembo ya jembe na kitabu, na mashine ikaidarizi yote mbele yao, mpini wa jembe ukatoka umenyooka mpaka mwisho. Shemeji akaichukua, akaigeuza nyuma na mbele, akaivuta kama anatafuta mahali itakapofumuka. Haikufumuka. Seremala akasimama, akabeba mbao zake, akaniaga vizuri.

"Sawa, shemeji," akasema shemeji yangu. "Tia na lebo."

Nikatafuta lebo. Katika zile picha zote palikuwa na kiboksi kimoja kitupu, cheupe, hakina kitu. Nikakibonyeza, programu ikasema haiwezi kukifungua. Nikajua palepale kwamba hii ndiyo sehemu niliyoirusha wakati wa kunakili. Jina la mume wangu ndilo lililobaki kwenye diski ya zamani.

Nilimweleza kama ilivyokuwa. Akasema, "Diski si ipo? Jaribu tena."

"Inaweza kutoka, inaweza isitoke."

"Basi ichore upya. Wewe si unajua kuchora?"

Najua. Lebo ile ya kwanza niliichora mimi, herufi kwa herufi, kwenye kompyuta hiihii. Yeye, marehemu, alitaka tuandike majina yote mawili, na mimi ndiye niliyesema liwekwe lake peke yake kwa sababu wateja wataliamini zaidi. Ndivyo tulivyokuwa tukifikiri, na aliniheshimu kwa kunikubalia. Nikatazama kile kiboksi kitupu. Nikakumbuka maneno ya nyuma ya pazia, kwamba kazi ni yake hata kama anayeifanya ni mimi.

"Naweza kuichora," nikasema. "Sitaichora."

"Unamfuta kaka yangu."

Neno lile liliniingia. Hata leo nikilikumbuka linauma, kwa sababu alilisema kwa uchungu wa kweli na macho yake yalikuwa yamelowa. Nikamjibu taratibu. "Kaka yako nilimuuguza mimi na namwombea mimi kila siku. Hahitaji kukaa kwenye kosi za watoto ili nimkumbuke. Lakini chumba hiki kinakaa na mimi kwa sababu mashine inafanya kazi, na mashine inafanya kazi kwa sababu yangu. Kawaambie hivyo kwenye kikao."

Akatoka bila kuaga. Sikumfuata.

Nilirudisha betri, nikafunga fundo moja lililokuwa limelegea, na mwenye mitumbwi akanifungia dagaa kwenye mfuko akisema ni fidia ya fyuzi iliyoungua. Diski ya zamani niliifunga kwenye kipande cha kanzu ya mume wangu nikaiweka kwenye droo ya nyuzi. Ipo. Sijaijaribu tena, na anayesema ninaogopa namwacha aseme. Jioni ile nilikaa mbele ya kompyuta nikachora lebo mpya, jina moja tu, lile alilonipa mama yangu, herufi kubwa, uzi mwekundu.

Shule zikafunguliwa. Sweta zilitoka kwangu kwa mafurushi, na katika furushi la mwisho kulikuwa na moja ya binti wa shemeji, anayesoma palepale Ujiji. Mama yake ndiye aliyekuja kuichukua, akaigeuza ukosi, akasoma, akaikunja. Huyo mtoto anapita mbele ya dirisha langu kila asubuhi akiwa amelivaa jina langu shingoni, na mpaka leo hakuna aliyekuja kunirudishia sweta.